Mchezo wa Kompyuta Unapoganda: Somo la Kugawana Mtambo Mmoja

Miongoni mwa matatizo ambayo mwalimu wa kompyuta hukutana nayo mara kwa mara ni hili lifuatalo. Mwanafunzi anacheza mchezo uliojaza skrini nzima. Anabonyeza vitufe vya Alt na Tab ili aende katika dirisha jingine, pengine kuitazama kazi yake ya Jiografia, na mara picha inasimama. Mshale wa kipanya hauendi, mchezo haurudi, na dirisha lililotakiwa halitokei. Kwa lugha ya mafundi, kompyuta imeganda, au imestaki. Hapo watu wengi hufanya moja kati ya mambo mawili: huchomoa waya wa umeme, au hutangaza kwamba mtambo ni mbovu.

Aghalabu yote mawili ni makosa. Kompyuta ikikatiwa umeme wakati diski inaandikwa, faili linaloandikwa huweza kubaki nusu, na hata orodha inayoonyesha mahali pa mafaili mengine huweza kuharibika. Katika shule ambako kompyuta moja hutumiwa na wanafunzi wengi, faili linalopotea huenda lisiwe la yule aliyechomoa waya. Na mtambo unaohukumiwa kuwa mbovu bila kuchunguzwa hupelekwa stoo, hali tatizo lake lingeweza kuondolewa kwa kubadili mpangilio mmoja tu. Makala haya yanaeleza jinsi kuganda huko kunavyotokea, jinsi ya kutofautisha kompyuta iliyokufa na kompyuta inayongoja, na jinsi wanafunzi wanavyoweza kuitafuta sababu kwa njia ya kisayansi. Mifano inahusu mfumo wa Windows, lakini kanuni zenyewe ni za kompyuta zote.

Mtambo mmoja, kazi nyingi

Prosesa ya kompyuta ya kawaida ina viini vichache, mathalani 2 au 4, ilhali programu zinazotaka kuhudumiwa kwa wakati mmoja huwa ni makumi. Jambo hili huwezekana kwa sababu mfumo endeshi huugawa muda wa prosesa katika vipande vidogo sana, vya sehemu ndogo ya sekunde, na kuipa kila programu kipande chake kwa zamu. Mfano wake ni bomba la maji la kijiji wakati wa kiangazi: bomba ni moja, ndoo ni nyingi, na kama kila mtu angekinga kikombe kimoja na kumpisha mwenzake, wote wangeona ndoo zao zinajaa kwa pamoja. Mbinu hii ya kugawana muda si ngeni. Ilionyeshwa katika chuo cha MIT, Marekani, mwaka 1961, ili watu kadhaa waweze kuitumia kompyuta moja kwa wakati mmoja.

Lakini si kila sehemu ya kompyuta inayogawanyika kama maji. Mchezo unapoendeshwa katika hali ya skrini nzima, aghalabu huiomba kadi ya picha iwe mali yake peke yake. Huchagua ukubwa wa picha unaoutaka, huchukua kumbukumbu ya kadi, na hupeleka picha kwenye skrini moja kwa moja bila kupitia kwa msimamizi wa madirisha. Faida yake ni kasi. Ili picha 60 zionekane katika kila sekunde, kila moja yapasa kuwa tayari katika milisekunde 16.7; na katika skrini yenye nukta 1,920 kwa 1,080, kila picha ina nukta 2,073,600. Ikiwa kila nukta huhifadhiwa kwa baiti 4, picha moja huchukua baiti 8,294,400. Mchezo usiomgoja msimamizi huokoa muda katika kazi hiyo kubwa.

Hasara yake huonekana pale mtumiaji anapotaka kuondoka. Kubadilisha dirisha hapo si sawa na kugeuza ukurasa wa kitabu. Ni makabidhiano ya mali kati ya mwenye mali wa zamani na mwenye mali mpya, na makabidhiano yana kanuni zake.

Fundisho la njia moja ya reli

Wakazi wa Dodoma wana mfano ulio karibu. Reli ya Kati, ambayo ilifika Dodoma mwaka 1910 na kukamilika hadi Kigoma mwaka 1914, ilijengwa kuwa ya njia moja. Treni mbili zinazokutana haziwezi kupishana popote. Hupishana stesheni, ambako ipo njia ya pili ya kando. Kati ya stesheni na stesheni njia ni ya treni moja tu kwa wakati mmoja. Kwa sababu hiyo, reli za njia moja duniani zilibuni desturi ya kumpa dereva kibali maalumu, mathalani fimbo au kipande cha chuma, ambacho bila kuwa nacho mkononi haruhusiwi kuingia katika kipande hicho cha njia. Kibali ni kimoja. Basi na treni ni moja.

Wataalamu wa kompyuta walipokabiliwa na swali la jinsi programu nyingi zitakavyotumia kifaa kisichogawanyika, waliazima fikra za reli. Katika miaka ya 1960 mtaalamu wa Uholanzi, Edsger Dijkstra, alibuni chombo cha programu cha kutolea na kurudishia kibali, akakiita semafo, jina la mkono wa ishara wa reli. Programu inayotaka kifaa huchukua kibali, ikimaliza hukirudisha, nyingine zote hungoja.

Msomaji ataona mara moja mahali penye hatari. Ichukuliwe kwamba treni A imesimama katika kipande cha kwanza, nayo haiwezi kusogea mpaka treni B itoke katika kipande cha pili. Na treni B haiwezi kutoka mpaka treni A iondoke katika kipande cha kwanza. Hakuna injini iliyoharibika na hakuna dereva aliyelala, lakini safari zote mbili zimekwisha. Hali hii huitwa kungojana. Katika mchezo wa kompyuta hutokea hivi: sehemu moja ya mchezo inayochora picha inangoja sehemu ya pili, ile inayopokea ujumbe wa madirisha, iitikie kwamba skrini imebadilika, na hiyo ya pili inangoja ya kwanza imalize kuchora. Kila moja imeshika kile ambacho mwenzake anakitaka.

Sababu nne za kuganda

Kuganda ni dalili, kama homa ilivyo dalili. Homa ya malaria na homa ya taifodi hazitibiwi kwa dawa moja, na kadhalika kuganda kwa kompyuta kuna sababu mbalimbali.

Sababu ya kwanza ni makabidhiano yasiyokamilika. Michezo mingi iliyoandikwa kwa kutumia Direct3D 9, ambayo ilitolewa mwaka 2002, hupoteza haki ya kuitumia kadi ya picha pale mtumiaji anapohamia dirisha jingine. Baadhi ya picha zilizokuwa katika kumbukumbu ya kadi hupotea pamoja na haki hiyo. Mchezo unaporudi yapasa ugundue hasara hiyo, uombe kadi upya, na kuzipakia picha hizo tena. Mwandishi wa mchezo akisahau hatua mojawapo, mchezo hubaki na skrini nyeusi au picha iliyosimama, ingawa muziki pengine unaendelea.

Sababu ya pili ni kungojana, kama ilivyoelezwa katika mfano wa treni.

Sababu ya tatu ni uhaba wa kumbukumbu. Programu zilizofunguliwa zikihitaji nafasi kubwa kuliko kumbukumbu iliyopo, mfumo endeshi huhamishia diskini kurasa za programu ambayo haitumiki kwa wakati huo, na kuzirudisha inapohitajika. Mbinu hiyo ilitumika katika kompyuta ya Atlas ya Manchester, Uingereza, mwaka 1962. Ni mbinu nzuri, lakini diski ya kuzunguka ni ya polepole mno ikilinganishwa na kumbukumbu. Diski inayozunguka mara 7,200 kwa dakika huzunguka mara 120 kwa sekunde. Mzunguko mmoja ni milisekunde 8.3, na kwa wastani kichwa cha kusomea hungoja nusu yake, yaani milisekunde 4.2. Ukiongezwa muda wa mkono kusogea, uchukuliwe kuwa milisekunde 9, kusoma ukurasa mmoja ulio mahali pa mbali huchukua takriban milisekunde 13. Ukurasa ni wa baiti 4,096. Basi kurasa 2,000 zilizotawanyika, ambazo jumla yake ni kama megabaiti 8 tu, huhitaji sekunde 26. Kwa mtu aliyeshika kipanya, sekunde 26 za kimya ni kifo. Kwa kompyuta, ni kazi inayoendelea. Hapa ndipo waya huchomolewa bila sababu.

Sababu ya nne ni kadi ya picha yenyewe kushindwa kujibu, ama kwa kosa la draiva, yaani programu inayoiendesha kadi, ama kwa kasoro ya umeme au joto. Tangu toleo la Vista, Windows huingoja kadi kwa sekunde 2. Isipojibu, huianzisha upya. Skrini huwa nyeusi kwa muda mfupi kisha hurudi. Michezo mingine huvumilia tukio hilo, na mingine huanguka.

Vumbi na joto la uwanda wa kati

Katika uwanda wa kati wa Tanzania, mafundi wengi hulilaumu vumbi kwa kila kosa la kompyuta. Lawama hiyo ina msingi. Kiangazi cha Dodoma ni kirefu, upepo ni mkali, na vumbi jekundu huziba mapezi ya chuma yanayotakiwa kuipoza prosesa. Zaidi ya hayo, katika mwinuko wa karibu mita 1,100 hewa ni nyepesi kuliko ya pwani kwa takriban asilimia 10, na hivyo feni ileile, kwa mwendo uleule, husukuma hewa iliyo pungufu kwa uzito na kuondoa joto kidogo zaidi.

Hata hivyo, sababu ya jumla yapasa ipimwe kwa tukio mahususi. Prosesa inayopata joto mno kwa kawaida hupunguza kasi yake kwanza, na joto likizidi hujizima. Tena, joto halijui kitufe cha Tab. Mchezo unaoganda baada ya dakika 30 bila mtu kugusa kitu unashukiwa kwa joto. Mchezo unaocheza saa nzima bila tatizo, kisha ukaganda pale tu dirisha linapobadilishwa, hauonyeshi dalili ya joto, hata kama kasha limejaa vumbi. Kasha hilo lisafishwe, naam, lakini isitarajiwe kwamba brashi itatibu kosa la makabidhiano.

Uchunguzi usiohitaji vifaa

Kabla ya kugusa waya wa umeme, hatua zifuatazo zifuatwe kwa utaratibu.

1. Ibonyezwe Caps Lock, na taa yake kwenye kibodi itazamwe. Taa ikiwaka na kuzimika kila kitufe kinapobonyezwa, mfumo endeshi ungali hai. Ulioganda ni mchezo tu. Ikiwa kibodi haina taa hiyo, itumike ya Num Lock.

2. Itazamwe taa ya diski. Ikiwaka mfululizo au kupepesa kwa kasi, kompyuta inahamisha kurasa. Dawa ya kwanza ni kungoja dakika 2 au 3 kwa saa, si kwa kukisia.

3. Isikilizwe sauti. Muziki ukiendelea vizuri, mchezo unaenda na kilichopotea ni picha. Kipande kifupi cha sauti kikijirudia bila kukoma, maana yake ni kwamba hakuna anayeleta sauti mpya, na tatizo ni zito zaidi.

4. Vibonyezwe pamoja Ctrl, Alt na Delete. Mchanganyiko huu hupokewa na mfumo endeshi wenyewe, na programu ya kawaida haiwezi kuuzuia. Orodha ikitokea, mtumiaji afungue Task Manager, auchague mchezo na kuufunga. Kazi za madirisha mengine zitabaki salama.

5. Katika Windows 10 na 11, ikiwa taa ya Caps Lock inaitika lakini skrini haionyeshi kitu, vibonyezwe pamoja kitufe cha Windows, Ctrl, Shift na B. Amri hii huianzisha upya kadi ya picha bila kuzima kompyuta.

Ikumbukwe pia kwamba dirisha lisilopokea ujumbe kwa sekunde 5 huandikwa na Windows kuwa halijibu, na rangi yake hufifia. Maandishi hayo si cheti cha kifo. Yanasema tu kwamba sekunde 5 zimepita. Hatua zote tano zikishindwa, na taa ya Caps Lock haiitiki kamwe, ndipo kitufe cha umeme kishikiliwe hadi kompyuta izimike.

Kuitafuta sababu kwa jaribio

Kuutibu mkwamo mmoja ni kazi ya fundi. Kuizuia mikwamo ijayo kunahitaji jaribio. Kanuni ni ileile ya maabara ya Fizikia: kibadilishwe kitu kimoja tu kwa wakati mmoja, na matokeo yaandikwe. Daftari liwe na safu za tarehe, hali ya skrini, programu nyingine zilizofunguliwa, kiasi cha kumbukumbu kilichotumika kwa mujibu wa Task Manager, na matokeo ya kubadilisha dirisha. Kabla ya kila jaribio mchezo na kazi nyingine zihifadhiwe.

Ichukuliwe, kwa mfano, kwamba katika hali ya skrini nzima mchezo umeganda mara 6 katika majaribio 10. Wanafunzi wanabadili mpangilio wa mchezo ili uendeshwe ndani ya dirisha, bila kugusa kitu kingine. Jaribio la kwanza linafaulu, na mmoja anasema tatizo limekwisha. Hesabu inasema bado. Ikiwa uwezekano wa kuganda ungali 0.6, uwezekano wa kufaulu mara moja kwa bahati tu ni 0.4, yaani karibu mara 2 katika kila 5. Lakini wakifaulu mara 10 mfululizo, uwezekano wa bahati hiyo ni 0.4 kwa kipeo cha 10, ambao ni takriban 0.0001, yaani mara 1 katika 10,000. Hapo ndipo wanapoweza kusema kwa haki kwamba mpangilio mpya umebadili jambo.

Wakibadili mpangilio, wakasafisha vumbi na kuweka draiva mpya siku hiyohiyo, mchezo waweza kupona, lakini hawatajua ni dawa ipi iliyoponya. Na kompyuta ya pili ikigonjwa, wataanza upya gizani.

Tiba kulingana na sababu

Kosa likionekana kuwa la makabidhiano au la kungojana, mchezo uendeshwe ndani ya dirisha, au katika dirisha lisilo na mpaka ambalo hujaza skrini bila kuimiliki kadi peke yake. Mchezo usio na chaguo hilo upewe ukubwa wa picha ulio sawa na ule wa skrini ya kawaida, ili kubadilisha dirisha kusilazimishe skrini kubadili ukubwa. Programu zinazochora maandishi juu ya mchezo zizimwe. Ikionekana kuwa ni uhaba wa kumbukumbu, programu zisizotumika zifungwe, ubora wa picha za mchezo upunguzwe, na fedha zikipatikana, kumbukumbu iongezwe au diski ya kuzunguka ibadilishwe kwa diski isiyozunguka. Ikiwa ni kadi, draiva yake ipatikane kwa mtengenezaji. Ikiwa ni joto, ndipo brashi ifanye kazi yake, mtambo ukiwa umezimwa na waya umechomolewa.

Katika hali zote, desturi moja ina manufaa: mchezo usimamishwe na kuhifadhiwa kabla ya kubonyeza Alt na Tab. Treni husimama stesheni kabla ya kupisha, haisimami porini.

Maswali ya mazoezi

1. Skrini ina nukta 1,366 kwa 768, na kila nukta huhifadhiwa kwa baiti 4. Picha moja huchukua baiti ngapi?

2. Diski huzunguka mara 5,400 kwa dakika. Tafuta muda wa nusu mzunguko kwa milisekunde.

3. Mchezo huganda mara 5 katika majaribio 10. Baada ya kubadili mpangilio mmoja, haukuganda hata mara moja katika majaribio 10. Je, kama mpangilio haukusaidia kitu, uwezekano wa matokeo hayo ni upi?

4. Wanafunzi wawili wana rula moja na penseli moja. Kila mmoja ameshika kimoja na anangoja kingine ili achore mstari. Eleza kwa nini hali hii ni ya kungojana, na utunge kanuni moja itakayoizuia.

5. Mchezo umeganda baada ya kubadilisha dirisha. Taa ya Caps Lock inaitika, na taa ya diski inapepesa kwa kasi. Sababu inayoelekea zaidi ni ipi, na hatua ya kwanza iwe nini?

Majibu ya hesabu: swali la 1, baiti 4,196,352, swali la 2, takriban milisekunde 5.6, swali la 3, 1 katika 1,024.